Faili la Wote, Mwenyewe Nani?

Kakuyuni, bara kidogo ya mji wa Malindi, mtu anayetaka kuchapisha barua ya kuomba kazi au fomu ya basari si lazima apande bodaboda hadi mjini. Duka la kompyuta humaliza haja yake. Katika maduka ya aina hii, hapa na kote vijijini Kilifi, kompyuta ya mezani mara nyingi ni ile iliyotumika ofisini Ulaya kabla ya kushushwa bandarini Mombasa. Kando yake kuna printa, na nyuma ya kibodi kuna kijana aliyejifunza kazi kwa kutazama wenzake. Asubuhi moja programu ya printa inakataa kufunguka. Kisanduku kidogo kinatokea kwenye skrini na kusema kwamba programu haiwezi kuanza kwa sababu faili la MSVCP140.dll halipo, na kwamba mtumiaji ajaribu kuisakinisha upya. Mteja anangoja. Kijana analiandika jina la faili kwenye Google, anabofya tovuti ya kwanza inayoahidi kulitoa bure, analipakua na kulitupa ndani ya folda ya System32. Kisanduku kinarudi, sasa kinadai faili jingine.

Kosa hili huchukuliwa kama hitilafu ndogo ya fundi. Mimi naliona kama tokeo la mabishano ya miaka arobaini kati ya watengenezaji wa programu: kitu kinachotumiwa na wengi ni mali ya nani, na mmoja akikibadilisha, gharama anailipa nani? Mara nyingi wamejibu swali hilo kwa namna inayowapunguzia kazi wao, na mzigo ukaangukia mwenye kompyuta kuukuu na bando dogo.

Tuanze na kazi yenyewe. Programu ni mlolongo wa maagizo kwa kichakataji, na sehemu kubwa ya maagizo hayo haihusu kazi ambayo programu ilitengenezewa. Programu ya hesabu za duka na programu ya kuandika barua zote hulazimika kuchora dirisha, kusoma kibodi, kufungua faili na kuitafuta printa. Maagizo hayo ya kawaida yaweza kunakiliwa yote ndani ya kila programu inapotengenezwa, ili itoke ikiwa kamili. Au yawekwe katika faili la pembeni, na ndani ya programu ibaki orodha tu inayosema: nahitaji faili fulani, na ndani ya faili hilo nahitaji kazi fulani. Hiyo njia ya pili ndiyo maktaba ya pamoja. Mtumiaji anapobofya, Windows husoma orodha, hulitafuta kila faili lililotajwa, huliingiza kwenye kumbukumbu na kuiunganisha programu nalo. Likikosekana hata moja, kwa kawaida programu haianzi. Ndiyo maana kazi ya duka zima husimama kwa faili ambalo ni dogo kuliko picha moja iliyopigwa kwa simu.

Kwenye Windows majina ya mafaili haya huishia na .dll, kwenye Linux .so na kwenye kompyuta za Apple .dylib. Ushahidi wa kuwapo kwake uko mbele ya macho yetu kila siku. Fungua programu mbili za kampuni tofauti kwenye Windows, kisha katika kila moja chagua kufungua faili. Aghalabu kidirisha kinachotokea ni kilekile, chenye orodha ileile ya folda upande wa kushoto. Hakuna aliyemwiga mwenzake. Zote mbili zimekiazima kutoka comdlg32.dll, faili la Windows lenyewe, na vitufe vyake huchorwa kwa msaada wa comctl32.dll.

Wazo hili ni la zamani kuliko Windows. Mfumo wa Multics, uliotengenezwa Marekani katika miaka ya 1960, tayari uliziunganisha programu na maktaba zikiwa zinaendelea kufanya kazi. Microsoft ilipotoa Windows ya kwanza mnamo Novemba 1985, mfumo huo ulitosheka na kumbukumbu ya kilobaiti 256. Faili la MSVCP140.dll la leo, peke yake, lisingeenea humo. Katika hali hiyo kugawana hakukuwa hiari. Nakala moja ya maagizo ya kuchora dirisha ilikaa kwenye kumbukumbu, na kila programu iliyofunguliwa ikaitumia hiyohiyo. Mfumo wa SunOS 4.0 wa mwaka 1988 ukaleta mpango kama huo kwa kompyuta za Unix za kampuni ya Sun, na Linux ikafuata mkondo huo.

Shida ilianza pale maktaba zilipoacha kuwa za Windows peke yake. Katika miaka ya 1990, mtengenezaji wa programu alipouza diski yake, alitia ndani pia nakala za DLL alizozihitaji, na wakati wa kusakinisha zikamwagwa kwenye folda moja ya mfumo. Ikiwa humo mlikuwa na MFC42.DLL au COMCTL32.DLL ya tarehe nyingine, programu iliyokuja mwisho mara nyingi iliifuta na kuweka yake, hata kama yake ilikuwa ya zamani zaidi. Fikiria mashine ya kusaga unga ya kijiji. Kila nyumba huleta mahindi yake pale, na hakuna anayelazimika kununua mashine yake. Sasa mteja mmoja anaingia usiku, anabadilisha chekeche ili apate unga laini wa uji, anaondoka bila kumwambia mtu. Asubuhi wa ugali wanapata unga wasioutaka, na hawajui wa kumlaumu. Programu za miaka hiyo zilifanyiana hivyo kila siku, na wenye kompyuta walioshindwa kuelewa kwa nini kusakinisha mchezo kumeua programu ya mishahara wakaiita hali hiyo jehanamu ya DLL.

Kulikuwa na kisanduku kimoja cha Windows 95 na 98 ambacho hueleza hali hiyo kuliko maelezo yoyote. Ukiondoa programu, kompyuta ilikuuliza: faili hili la pamoja linaonekana halitumiwi tena na programu yoyote, je, lifutwe? Chini yake, ndiyo au hapana. Windows ilikuwa ikihesabu ni programu ngapi zimejiandikisha kulitumia kila faili, lakini programu nyingi hazikujiandikisha, kwa hiyo hesabu haikuaminika. Mashine ikamgeukia karani, mwalimu au mhasibu na kumuuliza swali ambalo mhandisi aliyeitengeneza hakuweza kulijibu. Ukisema ndiyo, huenda programu nyingine ikafa. Ukisema hapana, takataka zinabaki. Naona ni dhuluma kumtwisha mtu uamuzi ambao hana namna ya kuupima.

Microsoft ilirekebisha kwa hatua. Windows 2000 ililinda mafaili ya mfumo: programu ikifuta DLL ya Windows, mfumo unairudisha kimyakimya kutoka akiba yake. Windows XP ya mwaka 2001 ikaleta folda ya WinSxS, ambamo matoleo kadhaa ya maktaba moja hukaa bega kwa bega, kila programu ikipewa toleo ililoliomba. Folda hiyo ndiyo inayowashtua wengi wanapopima nafasi ya diski na kuikuta imejaa. Usiifute. Ndiyo malipo ya amani iliyopatikana.

Kwa DLL zisizo za Windows yenyewe, suluhisho lilikuwa kuweka namba ndani ya jina, na hapa ndipo jina la faili letu linaposomeka. Maktaba za lugha ya C++ za Microsoft za mwaka 2010 zilibeba 100, za 2012 zikabeba 110, za 2013 zikabeba 120. Namba 130 ilirukwa, na toleo la 2015 likawa 140. Tangu hapo Microsoft ilishika ahadi ya kutovunja upatanifu, hivyo programu zilizotengenezwa kwa zana za 2015, 2017, 2019 na 2022 zote hutosheka na kifurushi kimoja. Jina MSVCP140.dll lina maana kwamba mtengenezaji wa programu ya printa alitumia zana hizo, akadhani kifurushi kimeshawekwa kwenye kompyuta, au akakitia ndani ya kisakinishi ambacho hakikumaliza kazi. Faili hilo halisafiri peke yake. Lina ndugu, VCRUNTIME140.dll, na yote mawili huitegemea maktaba ya msingi ya C ambayo imo ndani ya Windows 10 lakini kwenye Windows 7 hupatikana kwa sasisho. Ndiyo maana kijana wetu akipakua moja, hudaiwa la pili.

Kuna mtego mwingine unaowanasa hata mafundi. Windows ya biti 64 huweka DLL za biti 64 kwenye folda inayoitwa System32, na zile za biti 32 kwenye SysWOW64. Majina yamegeuzwa, kwa kulinda programu za zamani zilizoandikwa zikiitafuta System32. Anayetupa faili la biti 32 ndani ya System32 kwa ajili ya programu ya biti 64 hatapata tena ujumbe wa faili kukosekana. Huenda akapata namba 0xc000007b, isiyoeleza lolote, naye ataamini kompyuta imekufa.

Watengenezaji wengi wamechoka na mambo haya, na wameamua kurudi nyuma: kila programu ibebe vyake. Programu zilizojengwa juu ya Electron, mfumo ulioanzia GitHub mwaka 2013, kila moja huja na nakala yake ya Chromium, yaani kivinjari kizima. Visual Studio Code ni mojawapo, Slack vilevile. Ukiwa nazo mbili, una vivinjari viwili zaidi ambavyo hukuviomba, kila kimoja kikichukua zaidi ya megabaiti 100 za diski na sehemu yake ya kumbukumbu. Upande wa Linux, Snap na AppImage hufuata mwelekeo kama huo. Faida yake ni ya kweli: programu haivunjwi na jirani. Aliye Nairobi au London, mwenye intaneti ya waya na kompyuta mpya, hasikii uzito. Aliye Kakuyuni akinunua bando na kutumia mashine yenye gigabaiti 4 za kumbukumbu anausikia kila anapowasha.

Uzito wa megabaiti bado si hoja kubwa kuliko zote. Hoja kubwa ni usalama. Mnamo Septemba 2004 ilitangazwa kwamba maktaba ya Microsoft ya kusoma picha, gdiplus.dll, ina kasoro: picha ya JPEG iliyotengenezwa kwa hila iliweza kumpa mshambulizi kompyuta yako. Kurekebisha nakala ya Windows kulikuwa rahisi. Lakini programu nyingi zilikuwa zimebeba nakala zao, kila moja kwenye folda yake, na Windows haikuwa na mamlaka juu yake. Microsoft ililazimika kutoa chombo cha kukagua kompyuta kuzitafuta nakala hizo. Mnamo Septemba 2023 kisa kikajirudia karibu neno kwa neno, mara hii kwa libwebp, maktaba ya picha za WebP. Chrome na Firefox zilirekebishwa ndani ya siku chache. Programu za Electron ilibidi zingoje kila mtengenezaji wake atoe toleo jipya, na ile ambayo mtengenezaji wake ameitelekeza inangoja mpaka leo.

Linganisha na Aprili 2014, kasoro ya Heartbleed ilipofichuka katika OpenSSL, maktaba ya kusimba mawasiliano ya intaneti. Ilikuwa kasoro mbaya mno, iliyotoboa siri za seva duniani kote. Hata hivyo kwenye mfumo wa Linux uliotumia maktaba ya pamoja, dawa ilikuwa kubadilisha faili moja na kuziwasha upya huduma zinazolitumia. Zote zikapona pamoja. Wapinzani watanikumbusha Machi 2024, mhandisi Andres Freund alipogundua mlango wa siri uliopandikizwa katika xz, maktaba ndogo ya kubana mafaili. Alishtuka kwa kuwa kuingia kwenye kompyuta kutoka mbali kwa njia ya SSH kulichelewa kwa takriban nusu sekunde. Ni kweli, kisima kikitiwa sumu wote hunywa. Lakini ni maktaba hiyohiyo ya pamoja, iliyo wazi kwa kila jicho, iliyomwezesha mtu mmoja kufuata uchelewaji huo mpaka kwenye chanzo chake.

Kwetu sisi wasomaji wa Kiswahili kuna upande mwingine wa jambo hili usiotajwa, nao ndio unaonigusa zaidi. DLL si lazima ibebe maagizo; yaweza kubeba maneno tu. Windows huhifadhi maandishi ya vitufe na visanduku vyake katika mafaili ya .mui, ambayo ni DLL za maneno zilizopangwa kwa folda za lugha. Windows 7 ilipopewa kifurushi cha Kiswahili, maneno yake yalikaa katika folda ya sw-KE, yaani Kiswahili cha Kenya, na maagizo ya mfumo yakabaki yalivyo. Kabla ya hapo, mradi wa Kilinux wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam ulitoa Jambo OpenOffice, programu za ofisi kwa Kiswahili, mwaka 2004 kwa msingi uleule wa kutenga maneno na msimbo. Mfasiri hakuhitaji kuwa mhandisi. Kama maneno yangekuwa yameshonwa ndani ya kila programu, lugha yetu isingeingia kwenye kompyuta ila kwa huruma ya kampuni moja moja.

Mfano bora kuliko yote ni Hunspell, maktaba ya kusahihisha tahajia. Iliandikwa na László Németh kwa ajili ya Kihungari, lugha ambayo kama yetu hurundika viambishi kwenye mzizi mmoja. Orodha ya maneno peke yake haiwezi kuikagua lugha ya namna hiyo, kwani maumbo ya kitenzi kimoja ni mengi mno. Hunspell husoma mafaili mawili, moja la mizizi na jingine la kanuni za viambishi, na kwa hayo mawili inaweza kuzihudumia lugha nyingi. Leo imo ndani ya LibreOffice, Firefox na Chrome, na kamusi ya Kiswahili yenye alama sw_TZ husomwa nayo. Mhungari aliyetatua shida ya kwao amempa zana mwandishi wa Kilifi bila kumjua. Tazama lakini tofauti ya mipango: kwenye mifumo ya Linux kama Debian au Ubuntu, LibreOffice na programu nyingine huweza kutumia faili moja la Hunspell na folda moja ya kamusi, hivyo kamusi ikiboreshwa, zote hufaidi. Kwenye Windows LibreOffice hubeba yake na Firefox hubeba yake. Anayeboresha kamusi ya Kiswahili hana mahali pamoja pa kuiweka.

Turudi kwenye tovuti zinazogawa DLL moja moja, kwa maana hapo ndipo hatari ya kweli ilipo kwa duka la kijijini. Maktaba huingizwa ndani ya programu na kupewa haki zote za programu hiyo. Mwaka 2010 dunia ilijifunza kupitia kirusi cha Stuxnet, kilichoshambulia mitambo ya nyuklia ya Iran, kwamba DLL bandia yaweza kufanya kazi zote za ile halisi na bado ikaendesha yake. Stuxnet ilibadilisha jina la s7otbxdx.dll ya kampuni ya Siemens, ikaweka yake yenye jina hilo, na kila ombi la kawaida ikalipitisha kwa faili halisi ili asishtuke mtu. Kwa hiyo fundi anayesema faili alilopakua linafanya kazi, basi ni salama, hajathibitisha lolote. Tena Windows hulitafuta faili kwanza kwenye folda ya programu yenyewe, isipokuwa maktaba chache za msingi zilizolindwa. Programu halali iliyonakiliwa kwenye flashi pamoja na DLL chafu pembeni yake itaifungua ile chafu, na jina litakaloonekana kwenye orodha ya kazi ni la programu halali.

Kuna pia mafaili ambayo hayatafutiki kwa kuwa si mafaili. Mwaka 2022 Taasisi ya Kukuza Mitaala Kenya, KICD, iliidhinisha mtaala wa uandishi wa programu wa Kodris Africa, unaofundisha lugha ya programu ya Python. Ni hatua njema. Lakini programu iliyofungashwa kwa Python 3.9 au ya baadaye ikifunguliwa kwenye kompyuta ya Windows 7 hulalamika kwamba api-ms-win-core-path-l1-1-0.dll halipo. Jina hilo kwenye Windows mpya ni anwani tu ndani ya jedwali la mfumo, linaloelekeza kwenye kazi zilizoongezwa baada ya Windows 7. Kulipakua hakuongezi kazi hizo kwenye Windows 7. Dawa ni kutumia Python 3.8, ya mwisho kuikubali Windows 7, au kuweka Linux kwenye mashine hiyo. Shule yenye kompyuta za msaada ikilijua hilo mapema, walimu hawatapoteza muhula.

Uamuzi wangu ni kwamba kugawana maktaba bado ndiyo njia ya haki kwa nchi zenye mashine za zamani na intaneti ya kununua kwa kipimo, mradi kila maktaba iwe na mwenyewe anayejulikana na ahadi ya kutovunja programu za jana. Linux ina mpango huo kupitia hazina zake za programu. Microsoft imeuonyesha kwa familia ya 140. Watengenezaji wanaofungasha kila kitu kwa kila programu wanapaswa kuulizwa nani ataviziba vifurushi hivyo kasoro itakapotokea, na kwa bando la nani.

Nawe mwenye duka la kompyuta, uwe Kakuyuni, Ganda au Jilore, nakuomba ufanye jambo moja wiki hii. Siku utakapopata intaneti nzuri mjini Malindi, ingia kwenye tovuti ya Microsoft yenyewe, uchukue kifurushi cha Visual C++ cha 2015 hadi 2022, cha x86 (biti 32) na cha x64 (biti 64) pia, kwa kuwa programu nyingi za printa bado ni za biti 32. Cha x64 ni kama megabaiti 25 na mwenzake ni mdogo zaidi. Viweke kwenye flashi yenye kitufe cha kuzuia kuandikwa, ukiipata, pamoja na visakinishi kamili vya printa zako. Jina la DLL likitokea kwenye skrini, soma namba iliyo ndani yake, sakinisha kifurushi chake kizima, uwashe kompyuta upya. Ikiwa faili ni la Windows yenyewe, fungua dirisha la amri kama msimamizi uandike sfc /scannow, mfumo ujirekebishe. Usipakue DLL moja kutoka tovuti usiyomjua mwenyewe, hata mteja akiwa amesimama mlangoni.